Chonge za Nusu Mita kwa Mla Nyasi: Kuyaelewa Meno ya Kiboko

Kiboko hula nyasi. Jua likizama hutoka majini, hufuata njia yake hadi malishoni, hula kwa saa kadhaa gizani, na kunapopambazuka huwa amekwisha rudi mtoni au ziwani. Kwa usiku mmoja kiboko mkubwa hula takriban kilo 40. Hawindi, wala hana haja ya kuchana ngozi au kuvunja mfupa ili ashibe. Lakini afunguapo kinywa, kwenye taya la chini huonekana chonge mbili zilizopinda kwenda juu, ambazo kwa dume aliyekomaa hufikia nusu mita ukihesabu na sehemu iliyozama ndani ya taya. Kati ya chonge hizo kuna meno mawili mengine marefu, yaliyonyooka na kulala yakielekea mbele. Mtu asiyemjua mnyama huyu angeapa kwamba ameona kinywa cha mla nyama.

Jibu ambalo wengi tumelizoea ni kwamba meno hayo ni silaha. Ni kweli, ila jibu hilo linaacha nusu ya habari. Silaha hizo zimemgharimu kiboko: zimekibana kinywa chake hata kutafuna kukawa kazi ngumu, na maisha yake yote, kuanzia tumbo hadi usingizi wa mchana kutwa, yanafidia hasara hiyo. Halafu, kwa kuwa zimeumbwa kwa kitu ambacho binadamu amekitamani kwa maelfu ya miaka, zimemletea adui ambaye hazifui dafu mbele yake.

Makundi mawili ndani ya kinywa kimoja

Kiboko mzima ana meno 36 hadi 40. Gawanya kinywa chake robo nne, yaani kulia na kushoto, juu na chini, na katika kila robo utakuta meno mawili ya mbele, chonge moja, magego madogo manne na magego makubwa matatu. Jumla yake ni 40. Idadi hupungua kwa sababu gego dogo la kwanza katika kila robo aghalabu hung'oka mapema na halirudi. Kiboko kibete wa misitu ya Liberia, Sierra Leone, Guinea na Côte d'Ivoire ana tofauti moja: kwenye taya la chini ana jozi moja tu ya meno ya mbele badala ya mbili.

Meno ya mbele na chonge ni kundi la kwanza, na hayahusiki na chakula hata kidogo. Kazi ya kukata nyasi hufanywa na midomo. Midomo ya kiboko ina upana unaokaribia nusu mita, ni minene na migumu ukingoni. Huyabana majani, kichwa huvuta, nayo hukatika karibu na ardhi. Ndiyo maana mahali wanapolisha kila siku nyasi hubaki fupi kana kwamba zimefyekwa. Chonge wakati huo zimefunikwa na midomo, hazigusi kitu.

Kundi la pili ni magego, yaliyo nyuma kabisa. Hayo ndiyo yanayosaga. Kati ya makundi haya mawili kuna tofauti moja inayoeleza mengi: meno ya mbele na chonge huendelea kukua maisha yote, ilhali magego yakishatoka na kufikia ukubwa wake hayaongezeki tena. Silaha hutengenezwa upya kila siku. Vifaa vya kulia chakula vinatolewa mara moja tu.

Wapo watafiti waliowaona viboko wakila mizoga. Joseph Dudley aliandika kuhusu jambo hilo baada ya kulishuhudia Zimbabwe katika miaka ya 1990, na taarifa nyingine zimefuata kutoka sehemu mbalimbali za Afrika. Hutokea, lakini ni nadra, na haiwezi kuwa sababu ya chonge kuwa na umbo lile. Chonge ya mla nyama hutoboa na kushikilia. Ya kiboko ina ukingo unaokata, na ukingo huo una historia yake.

Jino linalojinoa lenyewe

Ukiitoa chonge ya chini kwenye taya na kuitazama upande wa mzizi, utakuta uwazi mpana. Meno yetu mzizi wake hujifunga yanapokomaa. La kiboko halifungi. Ndani ya uwazi ule kuna tishu hai inayoendelea kujenga dentini, ile sehemu ngumu inayofanya sehemu kubwa ya jino, na jino zima husukumwa taratibu kwenda nje. Kama lisingesagika kwa namna fulani, lingekua bila kikomo.

Linasagika kwa sababu chonge ya juu, ambayo ni fupi na nene zaidi, hukutana na ya chini kila kinywa kinapofungwa. Mbele ya chonge ya juu husugua nyuma ya ncha ya chonge ya chini. Na hapa kuna jambo la kupendeza sana: enameli, lile ganda gumu kuliko kitu kingine chochote mwilini, haikuizunguka chonge ya chini yote. Upande wa nyuma wa jino umeachwa na dentini tupu. Dentini ni laini kuliko enameli, hivyo husagika haraka, na enameli ya mbele hubaki imesimama juu yake kama ukingo wa patasi. Kila mara kiboko anapofunga kinywa, silaha yake inanolewa.

Utaratibu huu unategemea jozi. Chonge moja ikivunjika katika mapigano, ile iliyokuwa ikisuguana nayo hubaki bila kitu cha kuizuia na huendelea kurefuka. Hukua ikipinda, na inaweza kufika mahali ikauumiza mdomo au uso wa mwenyewe. Katika bustani za wanyama ni kawaida kuwapunguza viboko meno kwa msumeno, wakati mwingine mnyama akiwa amezoeshwa kusimama kinywa wazi bila kupewa dawa ya usingizi.

Ili silaha hizi zitumike, kinywa lazima kifunguke sana. Kiboko huweza kufungua taya kwa pembe ya takriban nyuzi 150, karibu mstari ulionyooka. Kiungio cha taya kiko nyuma kabisa ya fuvu, pembe za kinywa nazo zimerudi nyuma mno, na taya la chini limetanuka upande wa nyuma ili kutoa nafasi ya misuli mikubwa ya kufungia. Mwayo ule unaopigwa picha mara nyingi si uchovu. Ni dume anayeonyesha alichonacho, na madume mengi huishia hapo: mdogo akiona meno ya mkubwa hugeuka na kuondoka.

Wasipoachana, hukabiliana taya kwa taya, husukumana na kukatana shingoni na mabegani, majini au kwenye kingo za mto. Dume humiliki kipande cha maji, hamiliki malisho. Usiku nchi kavu viboko hupishana bila ugomvi mkubwa. Anayemiliki kipande hicho ndiye mwenye nafasi ya kuzaa na majike waliomo. Kwa hiyo tofauti ya dume na jike iko mdomoni kuliko mahali pengine popote. Uzito wa miili yao haupishani sana kama tunavyoona kwa wanyama wengi wakubwa, lakini chonge na taya za dume ni nzito kwa kiasi kikubwa kuliko za jike. Jike naye anazo, na humtetea nazo ndama wake kwa ukali unaojulikana.

Gharama yake hulipwa wakati wa kula

Kwangu mimi hiki ndicho kiini cha habari yote, na ajabu ni kwamba hutajwa mara chache.

Mtazame ng'ombe akitafuna. Taya lake la chini haliendi juu na chini tu. Linazunguka, linakwenda upande, na magego yake husuguana kwa mlalo hadi majani yakasagika laini. Wala nyasi karibu wote hutafuna hivyo, kwa sababu nyasi zina nyuzi ngumu ambazo haziwezi kupondwa kwa kubonyezwa tu. Kiboko amezuiwa na silaha zake. Kinywa kikifungwa, chonge za juu na za chini hupishana, meno ya mbele nayo hupishana, na taya likijaribu kwenda kando linakutana na ukuta. Utafiti uliochapishwa mwaka 2023 ukimlinganisha kiboko wa kawaida na kiboko kibete ulionyesha kwamba kiboko wa kawaida hutafuna zaidi kwa kwenda juu na chini, wakati yule kibete, ambaye meno yake ya mbele hayamfungi kiasi hicho, bado anaweza kusogeza taya upande.

Matokeo yake yanaonekana kwenye kinyesi. Kinyesi cha kiboko kina vipande virefu vya majani ambavyo kwa ng'ombe usingeviona. Na kiboko hana njia ya kurekebisha alichokosea, kwa maana hacheui. Tumbo lake lina vyumba kadhaa ambamo vijidudu huchachusha majani, lakini kilichomezwa hakirudi tena mdomoni kutafunwa mara ya pili.

Sasa, mnyama mwenye uzito wa tani moja na nusu au zaidi anaishije kwa kutafuna vibaya? Kwanza, chakula hukaa tumboni muda mrefu, vijidudu wakipewa wasaa wa kufanya kazi ambayo magego hayakuimaliza. Pili, kiboko anatumia nguvu kidogo. Zile kilo 40 za nyasi zinasikika nyingi, lakini ng'ombe wa kilo 400 aliye malishoni anaweza kula nyasi mbichi za uzito uo huo. Kiboko, mwenye uzito mara tatu au nne ya huyo ng'ombe, anatosheka nazo kwa kuwa mchana wote amelala majini, uzito wake ukibebwa na maji na ngozi yake ikikingwa na jua. Tumezoea kuuona uvivu wake kama tabia tu. Mimi nauona kama sehemu ya hesabu ile ile iliyoanzia kwenye chonge: dume aliyeshinda vita aliacha watoto, na watoto walirithi kinywa kinachopigana vizuri na kutafuna vibaya, ndani ya mwili unaoweza kuvumilia hali hiyo.

Magego yenyewe hulika polepole mwaka hadi mwaka, na jambo hilo limewapa wanasayansi saa ya kusoma umri. Mwishoni mwa miaka ya 1950 na katika miaka ya 1960, viboko wengi walivunwa katika Hifadhi ya Malkia Elizabeth nchini Uganda kwa sababu walikuwa wamemaliza nyasi za pwani ya maziwa. Mwanasayansi Richard Laws alizichunguza taya zao, akapanga hatua 20 kuanzia meno ya utotoni hadi magego yaliyolika kabisa, na kuchapisha kazi hiyo mwaka 1968. Hadi leo, fuvu la kiboko likiokotwa, umri wake hukadiriwa kwa kufuata hatua zile. Chonge hazina msaada hapo, kwa kuwa za mzee na za kijana zote ni mpya kwenye mzizi.

Meno yaliyopotosha, kisha yakaongoza

Kwa muda mrefu kiboko aliwekwa katika ukoo mmoja na nguruwe, na sababu kubwa ilikuwa meno: magego yenye vinundu, chonge zinazokua na kujitokeza nje. Ulinganisho wa chembe za urithi katika miaka ya 1990 uliuvunja ukoo huo. Jamaa wa karibu zaidi wa kiboko aliye hai leo ni nyangumi na pomboo. Wazee wao wa pamoja waliishi zaidi ya miaka milioni 50 iliyopita, na tangu hapo kila tawi lilikwenda zake, ndiyo maana ukiweka taya la pomboo kando ya taya la kiboko huoni undugu wowote.

Lakini palibaki pengo. Visukuku vya nyangumi wa kale vilikuwa vya zamani sana, vya viboko vilikuwa vya juzijuzi tu kwa kulinganisha. Kati yake nani alikuwepo? Jibu lilitoka Lokone, katika bonde la Turkana nchini Kenya. Mwaka 2015 timu ya watafiti ilieleza mnyama aliyeishi miaka milioni 28 hivi iliyopita na kumwita *Epirigenys lokonensis*. Sehemu ya kwanza ya jina hilo imetokana na neno la Kiturkana la kiboko. Alikuwa na ukubwa wa kondoo, na anajulikana hasa kwa meno. Magego ya kiboko yanapolika huacha umbo la jani lenye ncha tatu, na magego ya mnyama wa Lokone yanaonyesha mwanzo wa umbo hilo pamoja na alama za kundi la wanyama wa kale walioingia Afrika kutoka Asia. Kumbe viboko walijitengeneza wenyewe hapa hapa Afrika, mapema kuliko simba na twiga walivyofika. Meno yale yale yaliyowapeleka kwa nguruwe ndiyo yaliyowarudisha, yaliposomwa kwa makini zaidi.

Kwa nini watu waliyataka

Misri ya kale ilijua thamani yake mapema. Katika kipindi cha Ufalme wa Kati, karibu miaka 4,000 iliyopita, mafundi walikuwa wakipasua chonge ya chini kwa urefu, wakapata vipande viwili bapa vilivyopinda, kisha wakavichora simba, nyoka na mungu wa kike Taweret mwenye umbo la kiboko. Vilikuwa vya kumlinda mama mzazi na mtoto mchanga. Biashara ilivuka bahari pia: katika meli iliyozama Uluburun, pwani ya Uturuki, karibu mwaka 1300 kabla ya Kristo, wapigambizi walikuta meno 13 ya kiboko. Baadaye sana, katika karne ya 19, meno ya kiboko yalisafirishwa kutoka Zanzibar pamoja na meno ya tembo, sandarusi na pembe za faru.

Kilichoyapendelea ni uimara. Dentini ya kiboko ni nzito na nyeupe, haigeuki njano upesi. Kazi ngumu ni kuiondoa enameli, kwani chombo cha fundi huteleza juu yake. Ulaya na Marekani ya karne ya 18 waliitumia sana kuchongea meno ya bandia. George Washington alipoapishwa kuwa rais wa kwanza wa Marekani mwaka 1789 alikuwa amebakiwa na jino lake moja tu. Daktari wake wa meno, John Greenwood, alimchongea meno kwa jino la kiboko, akapachika humo meno ya binadamu na kuacha tundu la kupitishia lile moja lililosalia. Simulizi kwamba meno ya Washington yalikuwa ya mbao haina ukweli.

Kivuli cha meno ya tembo

Biashara ya kimataifa ya meno ya tembo ilipigwa marufuku mwaka 1989 na CITES, mkataba wa kimataifa unaosimamia biashara ya wanyama na mimea ya porini iliyo hatarini. Meno ya kiboko hayakuguswa, na usafirishaji wake ukapanda katika miaka iliyofuata mara moja. Kiboko aliingizwa kwenye Jedwali la Pili la mkataba mwaka 1995, maana yake biashara inaruhusiwa kwa vibali. Mwaka 2022, kwenye mkutano wa Panama, nchi kumi za Afrika Magharibi na Afrika ya Kati ziliomba apandishwe hadi Jedwali la Kwanza ili biashara isimame, lakini pendekezo halikupata theluthi mbili ya kura. Mwaka uliofuata serikali ya Uingereza ilitangaza kuipanua sheria yake ya meno ya tembo imguse kiboko pia.

Watu hudhani viboko ni wengi kwa kuwa hukusanyika mahali pamoja na huonekana kwa urahisi. Makadirio ya IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi wa mazingira, ni viboko 115,000 hadi 130,000 barani Afrika, wakati tembo wa Afrika walikadiriwa kuwa 415,000 hivi mwaka 2016. Jike huzaa ndama mmoja baada ya miezi minane ya mimba, kwa kawaida kila baada ya miaka miwili, kwa hiyo kundi lililopigwa hurudi polepole. Katika Hifadhi ya Virunga, Kongo, walikuwepo viboko wapatao 29,000 katikati ya miaka ya 1970. Baada ya vita, na wenye silaha kuwaua kwa ajili ya nyama na meno, mwaka 2005 hawakufika 1,000.

Kipande kikishachongwa, bado inawezekana kujua kilitoka kwa nani. Sehemu iliyokatwa ya jino la tembo huonyesha mistari inayokatizana na kufanya pembe. Kwa kiboko, chini ya lenzi ya kukuza mara kumi, huonekana mistari myembamba iliyosongamana kufuata umbo la jino, na katikati kuna kidoa kama ni jino la mbele, au kijistari kilichopinda kama ni chonge. Ofisa wa forodha aliyefundishwa anaweza kuliona hilo bila maabara.

Ugumu uko kwenye makaratasi. Rekodi za biashara huandika mara kilo, mara idadi ya vipande, mara "meno" bila kusema ya aina gani. Kiboko mmoja anatoa meno 12 ya kuuzika, manne yakiwa chonge na manane ya mbele, na yanapishana uzito kupita kiasi. Shehena ya meno 120 inaweza kuwa viboko 10, au 30 ikiwa ni chonge tupu. Mwaka 2018 watafiti wa Hong Kong, soko kubwa kuliko yote, walilinganisha rekodi za nchi zilizouza, hasa Tanzania na Uganda, na za Hong Kong iliyonunua, wakakuta maelfu ya kilo yasiyolingana. Kibali kinachotaja kila jino kwa aina, upande wa taya na uzito kingelifanya pengo hilo lisomeke, na kwa mnyama ambaye meno yake yanajulikana vizuri hivi, sioni sababu ya kuandika chini ya hapo.